Uzi: Kuflashi simu, tableti na maboksi ya TV yasiyo na jina bila kuyaua (soma bodi kwanza, kava baadaye)

FundiNyegezi (mwanzisha uzi)

Wakuu salaam.

Uzi huu ni wa vile vifaa vya Android ambavyo havina kampuni ya kuulizia: tableti za watoto, simu zenye majina ambayo hata kwenye mtandao hayapo, na maboksi ya TV yaliyojaa hapa Mwanza, kuanzia Makoroboi mpaka barabara ya Pamba. Simu za kampuni kubwa zina mafaili yake na taratibu zake, sitazigusa hapa.

Nimeamua kuandika kwa sababu ukifungua droo ya fundi yeyote wa Mwanza utakuta vifaa vilivyokufa, na vingi vimefia mezani siku ya kuflashiwa (kuandikiwa upya programu za ndani). Vilikuja vimeganda kwenye nembo, vikaondoka havionyeshi hata taa ya chaji. Karibu kila mara chanzo ni kimoja: fundi alisoma jina lililoandikwa mgongoni, akatafuta faili lenye jina hilo, akaandika. Nataka tuache utaratibu huo, kwa sababu wenye mali ni watu walionunua kwa jasho na wengi hawana hela ya kununua kingine.

Tuanze na famwea yenyewe. Ni jumla ya programu zilizoandikwa kwenye chipu ya kumbukumbu: ile ndogo inayoamsha RAM mara tu ukibonyeza kitufe, inayofuata inayowasha kioo na kuonyesha nembo, kisha kernel (kiini cha mfumo) yenye draiva, yaani programu zinazoendesha kila kifaa cha ndani, halafu Android. Kila moja ina patisheni yake, yaani sehemu yake kwenye chipu. Kwenye chipu za MediaTek utakutana na majina kama preloader (ile ndogo ya kuamsha RAM), lk (ya kioo na nembo), boot (yenye kernel), recovery, system (Android yenyewe), userdata (data za mtumiaji) na nvram. Kuflashi ni kuandika upya patisheni hizo, zote au baadhi. Riseti ya kawaida inafuta userdata na cache tu, kwa hiyo kirusi kilichojificha kwenye system utariseti mpaka uchoke na kitaendelea kuwepo.

Ugumu wa vifaa hivi unaanzia kiwandani. Anayetengeneza ananunua bodi iliyokwisha kuchorwa, anaivalisha kioo, tachi, kamera na chipu ya Wi-Fi vinavyopatikana wiki hiyo kwa bei nzuri. Wiki ijayo kioo kikiadimika anaweka cha mtu mwingine. Kava halibadiliki, jina halibadiliki, boksi halibadiliki. Ila kernel ya mzigo wa kwanza haina draiva ya kioo cha mzigo wa pili. Ndiyo hapo unaandika faili "lenyewe kabisa" na kioo kinakuwa cheupe, au picha inapinduka, au unagusa kulia inajibu kushoto, au Wi-Fi haiwaki tena.

Kwa hiyo utambulisho wa kifaa ni vitu vitatu: chipu kuu, namba iliyochapwa kwenye bodi pamoja na toleo lake, na namba ya toleo la famwea iliyokuwemo. Kama bado kinawaka, ingia kwenye "Kuhusu simu" upige picha ukurasa mzima. Washa utatuzi wa USB, unganisha kwenye kompyuta, tumia zana ya adb ya Android kuandika amri `adb shell getprop` na uhifadhi majibu yote kwenye faili. Humo kuna ro.board.platform, ro.product.board na ro.build.display.id. Kama hakiwaki, fungua kava. Namba ya bodi huwa imechapwa kwa rangi nyeupe na mara nyingi inaishia na V1.0, V1.1, V2.0 au na tarehe. Hiyo V isikupite. V1.0 na V1.1 zinaweza kuwa na kioo tofauti.

Na msiamini kila kinachoandikwa kwenye mipangilio. Maboksi mengi ya TV yana famwea iliyochezewa ili idanganye: inaandika RAM ya 4GB wakati iliyopo ni 1GB, inaandika Android mpya kumbe ni ya zamani iliyobadilishwa namba. Hata programu za kupima zinasoma uongo ule ule. Chipu iliyoko kwenye bodi ndiyo ya kuaminika.

Ukishajua chipu umejua na zana. MediaTek (MT6580, MT6739, MT8321 na wenzake) inatumia SP Flash Tool na faili la scatter (ramani ya patisheni na anuani zake). Spreadtrum, ambayo siku hizi inaitwa Unisoc, inatumia ResearchDownload na faili moja la .pac. Allwinner ni PhoenixSuit kwa waya au PhoenixCard kwa memori kadi. Rockchip ni RKDevTool. Amlogic, ambayo iko kwenye maboksi mengi ya TV, ni USB Burning Tool. Zana ya chipu moja haina kazi kwenye nyingine.

Sasa kiini cha uzi. Kabla hujaandika chochote, soma kilichomo na ukihifadhi. Hata kama kifaa kimeganda kwenye nembo, lk yake ni nzima, boot yake huenda ni nzima, nvram yake ni ya kwake peke yake duniani. Kwenye SP Flash Tool kuna ukurasa wa "Readback": unachukua anuani ya mwanzo na ukubwa wa kila patisheni kutoka kwenye scatter, unasoma moja moja. Kwa chipu nyingi za MediaTek za miaka ya nyuma, programu ya mtkclient ni rahisi zaidi na ni ya bure. Amri yake ya `rl` inamwaga patisheni zote kwenye folda unayoitaja. Kwenye Rockchip zana yenyewe inasoma. Folda hiyo ipe jina la bodi na toleo lake, uitunze sehemu mbili.

Nvram naisemea peke yake. Ndani yake kuna IMEI (namba ya utambulisho wa simu), anuani za Wi-Fi na bluetooth, na vipimo vya redio vilivyowekwa kiwandani kwa bodi hiyo moja. Ukiipoteza simu inawaka vizuri tu, mwenye simu anafurahi, anafika nyumbani Buhongwa hana mtandao. Kwenye orodha ya Wi-Fi kunatokea jina "NVRAM WARNING: Err = 0x10". Ukiliona hilo, ujue aliyetangulia kuflashi alifuta kila kitu.

Njia ya haraka ya kufika huko ni kuchagua kwenye SP Flash Tool "Format All + Download", inayofuta chipu nzima kabla ya kuandika. Mimi nasema usiichague kama huna bakapu ya nvram. "Firmware Upgrade" nayo inafomati, ila inahifadhi data zinazolindwa na kuzirudisha. "Download Only" inaandika zile tu ulizoziwekea alama, na kwa kazi nyingi inatosha. Alama ya preloader itoe, isipokuwa kama una uhakika kwamba hiyo ndiyo iliyokufa. Preloader ndiyo yenye mipangilio ya RAM ya bodi. Ukiweka ya bodi nyingine kifaa kinazima kabisa, hata chaji hakionyeshi.

Nakaribisha maswali. Wenye uzoefu wa Spreadtrum ongezeni nyama, mimi zaidi ni MediaTek na maboksi ya TV.

---

MtuWaKirumba

Mkuu asante kwa darasa. Ila nina la kupinga kidogo. Sisi tunaofanya kazi kwa foleni, mteja amesimama anakuangalia, hakuna muda wa kusoma patisheni zote. Mafaili yapo mtandaoni, chukua weka, ikigoma jaribu lingine. Tumeishi hivyo miaka mingi na wateja wanaondoka na simu zao.

---

FundiNyegezi

Kaka nimekuelewa, na foleni naijua. Ila angalia muda unaotumia ikigoma. Kupakua faili lingine la 2GB ni bando na ni nusu saa au zaidi, halafu nalo linaweza kuwa si lenyewe. Kusoma lk, boot, nvram, protect1 na protect2 (hizi mbili ni za data zinazolindwa) ni dakika chache, maana zote kwa pamoja ni ndogo. System ndiyo kubwa. Kama una haraka kweli, soma hizo ndogo uache system. Mteja hatalalamika kwa dakika hizo, ila IMEI ikipotea atarudi.

Na hilo la "jaribu lingine" lina hatari ya pili: hujui aliyeliweka faili hilo mtandaoni aliongeza nini. Mwaka 2016 iligundulika kwamba programu ya kusasisha famwea ya Adups, iliyokuwa kwenye simu nyingi za bei nafuu, ilikuwa inatuma ujumbe wa watumiaji na orodha za simu walizopiga kwenda seva za China. Januari 2023 Daniel Milisic alieleza alivyonunua boksi la TV la T95 lenye chipu ya Allwinner H616 akakuta kirusi ndani ya famwea, kutoka kiwandani. Juni 2025 FBI ya Marekani ikatoa tahadhari kuhusu BADBOX 2.0, mtandao wa vifaa vilivyoambukizwa vinavyoendeshwa na wahalifu, na mwezi uliofuata Google ikafungua kesi ikisema vifaa zaidi ya milioni 10 vya Android visivyoidhinishwa vimeambukizwa. Baadhi yake vilitoka kiwandani hivyo. Fikiria faili lililopita kwenye mikono ya watu usiowajua, halafu mteja anaweka laini yake ya pesa humo.

---

MwaloniMkuu

Naongezea kwa wanaohudumia wavuvi na wachuuzi wa huku mwaloni. Simu iliyoingia maji ya ziwa ikaganda kwenye nembo, usikimbilie kuflashi. Fungua, safisha bodi, pima kwanza. SP Flash Tool ikikupa kosa la 4032, RAM imeshindwa kuamka: ama preloader si ya bodi hiyo, ama bodi ina tatizo la umeme au la lehemu (risasi inayoshika chipu). Kama ni hilo la pili, hakuna faili litakalosaidia.

Kuna nyingine inachanganya vijana sana. Unaflashi mpaka mwisho, alama ya kijani inatokea, unawasha simu unakuta picha za mwenye simu bado zipo na inaganda pale pale. Hiyo chipu ya kumbukumbu imechoka, imejifunga haiandikiki tena. Inapokea data na kuitupa. Dawa ni kubadilisha chipu au kumwambia mteja ukweli.

---

FundiNyegezi

Wabheja mkuu, hiyo ya chipu kujifunga nilikuwa nimeisahau na ni muhimu. Njia ya kuthibitisha: futa userdata tu, izime, isome tena. Kama data za zamani bado zipo, basi. Ila hakikisha kwanza mwenye simu amekubali kupoteza picha zake.

---

DadaIgoma

Habari zenu. Mimi si fundi, ni mwalimu, lakini nimesoma uzi wote kwa sababu umenigusa. Tableti ya mtoto wangu iliganda kwenye nembo. Nikaipeleka kwa fundi mmoja mjini, akaflashi. Sasa inawaka lakini tachi imepinduka, ukigusa juu inajibu chini. Fundi anasema tachi imeharibika ninunue nyingine. Nyuma kumeandikwa jina tu, halina maana yoyote. Nimefungua kama ulivyosema, chipu ni MT8321. Dada yangu ana inayofanana kabisa, tulinunua pamoja duka moja. Laptop ninayo. Nifanyeje?

---

FundiNyegezi

Dada, usinunue tachi. Inaitikia, ila imepinduka. Kifaa ni kizima, draiva ndiyo si yake. Na una bahati kubwa kuwa na pacha wake.

Fungua ya dada yako kwa upole, linganisha namba ya bodi na toleo. Zikifanana herufi kwa herufi, endelea. Zikitofautiana hata V, simama uniandikie.

Kwanza muulize fundi kama alisoma ya zamani kabla ya kuandika. Wengine huwa nayo kwenye laptop. Akiwa nayo umemaliza.

Kama hana, chaji tableti zote mbili zaidi ya nusu, laptop iwe na chaji yake ya kutosha, maana umeme ukikatika katikati ya kuandika hujui itaishia wapi. Tumia waya mfupi mzuri. Kwenye tableti ya dada yako unasoma tu: lk, boot na system. Usisome nvram yake wala kuiandika kwako. Vifaa viwili vitakuwa na IMEI moja, na kubadilisha IMEI ya kifaa ni kosa chini ya Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya 2010. Userdata yake pia iache, ni mambo yake binafsi.

Halafu kwenye ya mtoto: kabla ya kuandika, soma yote iliyomo sasa, hata kama ni mbovu. Kisha "Download Only", alama kwenye lk na boot peke yake. Draiva za kioo kwenye MediaTek ziko sehemu mbili, lk na kernel iliyo ndani ya boot. Ndiyo maana ukirudisha moja ukaacha nyingine nembo inaonekana vizuri halafu kioo kinakuwa cheupe. Draiva ya tachi iko kwenye boot. Tableti iwe imezimwa, bonyeza kitufe cha kuanza kwenye programu, ndipo uchomeke waya. Mstari mwekundu utapita, kisha wa njano, kisha alama ya kijani. Usichomoe kabla ya kijani.

Piga *#06# kabla na baada, IMEI iwe ile ile. Ukitaka kuhakiki zaidi itume kwa ujumbe kwenda 15090, namba ya TCRA (Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania). Kama IMEI ilishapotea kwa fundi, niambie, tutaongea.

---

NansioYetu

Wakuu, na maboksi ya TV? Nina moja la S905W huku Ukerewe, limezima baada ya kujisasisha lenyewe. Kuvuka na kivuko mpaka Mwanza kwa ajili ya boksi ni gharama.

---

FundiNyegezi

S905W ni Amlogic, unaweza kujaribu ukiwa nyumbani. Unahitaji waya wa USB wenye kichwa cha dume pande zote mbili. Ndani ya tundu la AV kuna kitufe kidogo. Kibonyeze kwa kijiti cha meno, ukiwa umekishikilia chomeka waya kwenye kompyuta. Kwenye orodha ya vifaa vya Windows patatokea "WorldCup Device". Likitokea, ubongo wa boksi uko hai, kilichobaki ni faili sahihi. Kama halitokei, jaribu tundu jingine la USB kwenye boksi, kwa kawaida ni moja tu linalokubali kazi hii.

Faili litafute kwa namba ya bodi na chipu ya Wi-Fi. Fungua uisome, imeandikwa juu yake. Famwea ya S905W yenye Wi-Fi tofauti itawasha boksi ila utabaki na waya wa mtandao tu. Alama ya kufuta bootloader usiiweke kwa jaribio la kwanza. Ukipata namba za bodi piga picha uweke hapa, kuna mdau anaweza kuwa na bakapu.

---

MtuWaKirumba

Mkuu, simu mpya zaidi je? Nimepata ya Android 10, nikabadilisha boot peke yake kama mnavyosema, ikagoma kabisa kuwaka.

---

FundiNyegezi

Hapo kuna vbmeta, kaka. Tangu Android 8, simu nyingi zinahakiki sahihi (saini ya kidijitali) ya boot na system kabla ya kuwaka, na orodha ya sahihi iko kwenye vbmeta. Ukileta boot ya toleo lingine hesabu hazilingani. Rudisha boot yake mwenyewe, itawaka. Na kuanzia Android 10 system na vendor mara nyingi ziko pamoja ndani ya patisheni kubwa ya super, kwa hiyo usitafute system peke yake. Kwenye simu hizo chukua seti nzima ya toleo moja, usichanganye.

Ukikutana na iliyofungwa na akaunti ya Google baada ya kuriseti, ulizia risiti au boksi lake kwanza. Ulinzi huo upo tangu Android 5.1 kwa ajili ya wizi, na mimi mtu asiye na ushahidi wa umiliki simhudumii.

---

DadaIgoma

Nimerudi. Fundi hakuwa na mafaili ya zamani. Bodi zimefanana zote, hadi tarehe. Kaka yangu wa Mabatini alinisaidia kuweka draiva kwenye laptop, tukasoma ya dada, tukaandika lk na boot. Tachi imekaa sawa! IMEI ni ile ile, nashukuru Mungu. Kilichobaki ni kamera, nikifungua inajifunga yenyewe.

---

FundiNyegezi

Safi sana dada. Kamera inategemea pande mbili, kernel na maktaba zilizo ndani ya system. Kernel sasa ni ya bodi yako, system bado ni ile ya fundi. Andika na ile system uliyoisoma kwa dada yako, njia ile ile, "Download Only", alama kwenye system peke yake. Baada ya hapo riseti tableti, kwa sababu userdata ilianzishwa na system nyingine na inaweza kugombana nayo. Picha za mtoto zitoe kwanza. Itachukua muda mrefu kuliko mwanzo, na kuwaka mara ya kwanza kutachelewa, usiizime.

Ikikubali, weka hapa namba ya bodi na zile lk, boot na system. Nvram usiweke.